Barua Zilizokaa Darini

“Barua usiyoifungua, dalali atakusomea.”

Gwamaka aliitupa methali hiyo huku akicheka, akimtania dada yake Bupe, ambaye alikuwa ameisukuma bahasha ya benki chini ya nguo za mtoto. Bibi yao Subilaga, aliyekuwa akimenya ndizi, akaweka kisu chini.

“Unacheka, mjukuu wangu. Unajua ilikotoka?”

“Si maneno ya watu tu, Bibi?”

“Maneno ya watu yana mwenyewe. Haya yalizaliwa uani humu humu.”

Akawasimulia.

Mwaka yalipozaliwa maneno hayo, Subilaga alikuwa mjane kijana mwenye watoto watatu na ng'ombe mmoja, Shukuru. Maziwa ya Shukuru ndiyo yaliyokuwa chumvi, sabuni na madaftari ya watoto. Kaka yake, Ambakisye, alitaka mkopo wa benki ya ushirika anunue mashine ya kusaga, na benki ikataka mdhamini. Subilaga akamweka Shukuru dhamana bila kuuliza mara mbili. Kaka ni kaka. Huyu ndiye aliyembeba mgongoni utotoni.

Mashine ilisaga misimu miwili, ikafa. Bei ya majani ya chai aliyolima nayo ikaanguka. Marejesho yakakwama.

Sasa, siku hizo barua za benki hazikuletwa nyumbani. Karani alizigawa kwenye banda la mzani, wakulima wakiwa kwenye foleni na vikapu vyao vya chai, akiita jina moja moja. Ambakisye alipoitwa, macho yote yakamgeukia.

“Vipi, benki wamekukumbuka?” mmoja akamchokoza.

“Wananialika mkutano!” akajibu kwa kicheko kikubwa kuliko ilivyohitajika. Akasaini, kisha akasaini na bahasha ya pili, yenye jina la dada yake. “Hii nitampelekea mwenyewe.”

Hakuipeleka. Alizichomeka zote mbili darini, juu ya meko, zikala moshi. Moyoni alijiambia kwamba neno lisilosomwa halijasemwa. Zikaja nyingine, nazo zikapanda darini.

Hayo Subilaga alikuja kuyajua baadaye. Alichokiona yeye ni kaka yake akipita kila Jumapili, akinywa maziwa, akimsifu Shukuru, akiaga. Jumapili moja alifika kwenye ua, akasimama, akageuka.

“Nini, kaka?”

“Hamna kitu.”

Wiki iliyofuata aliingia mtu mgeni, kamba begani, karatasi ya mahakama mkononi, mwenyekiti wa kijiji nyuma yake.

“Hodi, mama. Mimi ni dalali wa mahakama. Nimemfuata ng'ombe.”

“Ng'ombe gani? Mbona sijaambiwa neno?”

“Uliandikiwa mara mbili, mama. Benki ikangoja, ikaenda mahakamani, na mahakama imetoa amri. Barua zako zilipokewa na kusainiwa na Ambakisye.”

Ambakisye aliitwa. Alikuja taratibu, bahasha mkononi, rangi ya kahawia kwa moshi, hata moja haijachanwa. Dalali akachukua ya kwanza, akaifungua, akaisoma kwa sauti pale uani:

“Kwa kuwa bei ya majani imeshuka, unaombwa ufike ofisini pamoja na mdhamini wako ndani ya siku sitini, ili upangiwe upya marejesho madogo utakayoyaweza.”

Majirani waliokuja kuchungulia wakasogea karibu.

“Ni hayo tu?” Ambakisye akauliza.

“Ni hayo tu, mzee.”

“Nilidhani wananitukana.”

Subilaga alimtazama kaka yake. “Ungenipa yangu,” akasema polepole. “Nimesoma kisomo cha jioni, kaka. Ningekusomea, tukaenda wote.”

“Tunaweza kwenda leo?” Ambakisye akamgeukia dalali. “Hata sasa hivi?”

“Siku zile zilikwisha, mzee. Mimi nimetumwa na amri, kuifuta siwezi. Nami nina dada, usinione hivi.”

Akamfunga Shukuru kamba. Ndama wake alilia hadi sauti ikamkauka.

Pale kwenye mzani watu hawakuchelewa. Kila karani alipoita jina, mmoja alidakia, “Fungua, bwana! Usiyoifungua, dalali atakusomea!” Wakacheka, na msemo ukatembea.

“Na babu Ambakisye?” Bupe akauliza.

“Alifanya vibarua miaka minne. Asubuhi moja nikakuta mtamba amefungwa kwenye nguzo ya ua, na nyasi amekatiwa. Ng'ombe alirudi, wajukuu zangu. Kaka yangu hakuingia tena humu. Nilimfuata mara ngapi! Ananisalimia, anatazama chini. Hata alipokuwa anaumwa alikataa maziwa yangu.” Bibi akafuta macho kwa ncha ya khanga. “La ng'ombe nilikwisha kumsamehe kaka siku ile ile. Sikupata pa kumwambia.”

Gwamaka hakuwa akicheka tena. Bupe alimpakata mtoto upande mmoja, akapapasa chini ya zile nguo, akaitoa bahasha.

“Tuisome pamoja, Bibi.”

Bibi Subilaga akasogea, akampisha kwenye mkeka. “Chana, mwanangu. Barua usiyoifungua, dalali atakusomea.”