Choo cha Bi Pimbi

Hapo zamani za kale, wanangu, enzi wanyama walipokuwa na baraza lao na vyama vyao, alikuwepo Bi Pimbi. Kimo chake sungura tu, lakini mdomo, weeh! Chama chake, Chama cha Wenyeji, kilikuwa na kiti kimoja barazani, na kiti chenyewe alikikalia yeye. Kila kikao alidai yale yale: wenyeji wasihamishwe makwao, lugha yao ifundishwe, na wasiamuliwe jambo bila kuulizwa. Wakubwa walimcheka tu.

Siku moja Spika Tembo akatangaza, "Jabali lile lenye chemchemi tunalichukua. Pimbi watashuka mbugani."

Moyo wa Bi Pimbi ukapiga paa! Mbugani hakuna pango hata moja. Tai angewamaliza watoto wao kwa siku moja. Aliogopa sana, lakini akajikaza.

"Mheshimiwa," akasema kwa upole, "mimi nani nibishane nawe? Ila tuweke sheria, maneno yaishe. Jabali liwe la yule mwenye choo kikubwa na cha siku nyingi pale kuliko wote."

Baraza likaangua kicheko. Nyati akapiga meza, pu! pu! "Choo? Wewe umewahi kuyaona mavi ya tembo?"

"Nimeyaona, kaka. Makubwa mno."

Tembo akavimba kichwa. "Sheria ipite!" Mikono yote juu. Muhuri, gwa!

Haoo, mpaka jabalini. Tembo akatafuta huku, akatafuta kule. Alijisaidia pale jana, juzi, na mwaka jana pia. Wapi! Mbawakawa walikwisha kuyabeba mavi yake, mvua ikamalizia. Alipata bonge moja tu, bado linafuka.

"Hilo la leo asubuhi, Mheshimiwa," akasema Bi Pimbi. "Njooni huku kwetu."

Pimbi, wanangu, hawajisaidii ovyo. Ukoo mzima una choo kimoja, tangu mababu. Nyuma ya mwamba palikuwa na lundo linalomfikia Tembo masikioni, limeganda gumu kama jiwe. Nyati akalipiga pembe, ng'o! Halikubonyea.

"Chini kabisa ni choo cha bibi yake bibi yangu," alisema Bi Pimbi. "Juu ni cha watoto wa leo."

"Lakini sheria hii..." Tembo akaanza.

"Umeipiga muhuri wewe, Mheshimiwa."

Wakubwa wakashuka, na pimbi wako jabalini mpaka leo. Basi wanangu, mdogo anayepajua kwao si wa kuchezea.