Siku Isiyokuwa na Mlio

Paukwa!

Pakawa!

Hiyo ni sauti ya wenye njaa au ya walioshiba? Paukwa!

Pakawaaa!

Haya, sogeeni. Wakubwa msiwazibe wadogo.

Hapo zamani za kale, kabla siku hazijapewa majina, kulikuwa na nchi iliyoitwa Tambarajua. Waliokaa huko ni wanyama tu. Na jua la huko lilikuwa tundu, tundu kabisa! Leo linachomoza mlimani. Kesho linachomoza ziwani. Siku nyingine linachungulia kidogo tu, linarudi kulala. Nani angeweza kuhesabu siku? Kila mnyama alihesabu kivyake. Kiboko alihesabu kwa miayo. Kobe alihesabu kwa usingizi. Ngiri alihesabu kwa kuoga tope. Akishaoga, siku imekwisha.

Huyo Ngiri alimpenda Bi Nungunungu. Alimpenda hivyo hivyo na miiba yake. Akaposa, akakubaliwa.

"Harusi kesho kutwa," akasema Bi Nungunungu.

Ngiri akakimbia kwao kwa furaha. Akaoga tope, chubwi! Akaoga tena, chubwi! "Kesho kutwa imefika!" Akarudi jioni ile ile, mkia juu, ngoma mgongoni. Akamkuta bibi harusi anachanwa miiba, nusu imelala, nusu imesimama.

"Toka!"

"Lakini ni kesho kutwa!"

"Ni leo leo, Ngiri! Toka!"

Akatoka. Na kesho kutwa yenyewe ilipofika, Ngiri alikuwa kwake anaoga. Kiboko alifika viazi vimekwisha kuchacha. Kobe alikuwa bado amelala.

Bi Nungunungu akalia. Alipomaliza kulia, akakasirika. "Nakupa nafasi moja tu, Ngiri. Harusi ikiharibika tena, nafunga mzigo narudi kwa mama, ng'ambo ya mlima. Na sirudi."

Ngiri akakimbilia kwa Bi Kanga, aliyekuwa na mdomo kuliko wote. "Bi Kanga, nisaidie! Naachwa!"

Kanga akaita mkutano. Akapanda juu ya kichuguu. "Jua letu si la kuaminika," akasema. "Tuamini sauti! Kila siku iwe na mwenyewe. Asubuhi mwenye siku alie, na siku iitwe kwa mlio wake. Na mtu asitoke kitandani kabla hajausikia!"

Wakashangilia. "Siku yangu ni Kekeke!" akasema Kanga. "Yangu Uuu-wii!" akasema Fisi. "Yangu Kro-kro!" akasema Chura. "Yangu Hoh-hoh-hooo!" akasema Kiboko, na majani yakapukutika mitini.

Twiga akasogea. Sauti yake ilikuwa ndogo, ndogo kama pumzi. Akafungua kinywa. *Fff*. Akajaribu tena. *Fff*. Fisi akagaagaa chini kwa kicheko.

"Wewe shika siku ya mwisho," Kanga akamwambia Twiga. "Baada yako tunaanza upya na Kekeke, na Kekeke hiyo ndiyo harusi ya Ngiri. Mkutano umekwisha!"

Twiga akauliza, "Mimi nitalia nini?" Hakuna aliyemsikia. Akaenda zake, shingo chini.

Siku zikaanza. Lo, zilivyonoga!

"Leo siku gani?"

"Leo Uuu-wii!"

"Basi njoo Kro-kro tule ndizi!"

"Kro-kro nina mgeni. Njoo Hoh-hoh-hooo!"

Watoto waliyaimba majina hayo mpaka makoo yakawakauka.

Ikafika siku ya Twiga. Jua likatoka ziwani. Kimya. Fisi akafungua jicho moja. Hakusikia mlio, akalifumba. Tumbo la Kiboko likanguruma, nguru-nguru. Hakusikia mlio, akabaki alipo. Jua likapanda, likashuka, likazama. Likatoka tena, sasa mlimani. Kimya!

"Bi Kanga!" Ngiri akaita kutoka shimoni mwake. "Harusi yangu lini?"

"Baada ya leo!"

"Na leo ni lini?"

"Bado haijafika!"

Bi Nungunungu alingoja, alingoja, akachoka. "Wamenichezea tena. Sheria au si sheria, nakwenda." Akaanza kufunga mzigo.

Twiga, kwa urefu wake, akamwona toka mbali. Moyo ukampiga pu! "Mimi ndiye ninayevunja harusi ya watu!" Akatoka mbio. Mlangoni kwa Ngiri akalia kwa nguvu zake zote. *Fff*. Ngiri hakusikia. Twiga afanye nini? Akaingiza shingo shimoni. Akatoa ulimi, ule ulimi wake mrefu mweusi, akamlamba uso mzima. Lwaaap!

"Mamaaa!" Ngiri akaruka nje.

Twiga hakusimama. Lwaaap kwa Fisi. "Uwiii, nimemezwa!" Lwaaap kwa Kiboko, naye alikuwa anapiga mwayo, ulimi ukakutana na ulimi. Kobe akajificha gambani, ulimi ukamfuata humo humo. Kanga akapaparika, nusura Kekeke imtoroke.

"Siku imefika!" wakapiga kelele. "Siku gani?"

"Lwaaap!"

Bi Nungunungu alikuwa amekwisha shika njia, mzigo kichwani. Twiga akamkuta. Amlambe wapi? Miiba huku, miiba kule. Akamlamba ncha ya pua.

Chya! Bi Nungunungu akapiga chafya, mzigo ukaanguka. "Shoga, ndiyo nini hii?"

Twiga akainama mpaka sikioni. "Ni siku yangu. Nimechelewa. Nisamehe, usiondoke."

Nyuma yake akatokea Ngiri, anahema. Tope lote limelambwa usoni.

"Ngiri! Kumbe una sura?"

"Nimelambwa!"

Bi Nungunungu akacheka mpaka akakaa chini. Akafungua mzigo.

Asubuhi yake Kanga akaiachia ile Kekeke yake mpaka manyoya yakamsimama. Harusi ikapigwa. Ngiri akamkumbatia mkewe, aii! Akamkumbatia tena, aii! Na Kanga akasema mbele ya wote, "Twiga, tulikupa siku bila kukuuliza utaiitaje. Tumekosa." Twiga akamjibu kwa ulimi, na watoto wakapanga foleni, kila mmoja anataka alambwe.

Basi, wanangu na wakubwa wangu, mkipanga jambo la wote, muulizeni pia yule mwenye sauti ndogo. Mkimwacha yeye, mtakwama wote.

Hadithi yangu imeishia hapo, na mimi sasa naomba maji ya kunywa.