Paza Sauti, Bwana

Mngurumo wa mashine ya katani ulimziba Mhina masikio, na meneja Kallaghe akamwita ofisini ili amfukuze.

“Kazi basi,” alisema meneja.

“Sisikii, bwana. Paza sauti.”

“Nakufukuza!”

“Kwa kosa gani?”

“Wewe ni kiziwi.”

“Na masikio yangu yamezibwa na nini? Kwa nguvu, bwana.”

“Na mashine yangu!” Meneja alipiga kelele mpaka mishipa ya shingo ikamsimama. “Na kazi nyingine sikupi!”

Mlango ukafunguliwa. Akaingia afisa kazi, ambaye Mhina alikuwa amemwacha barazani akisubiri.

“Yote nimeyasikia,” alisema.

Papo hapo meneja akakumbuka kwamba stoo ilihitaji mtu. Akamnong'oneza Mhina, “Umeniweza.”

“Kidogo tu, bwana,” Mhina akajibu. “Siku hizi nasoma midomo.”