Ngiri Walivyokwenda Kumwokoa Nguchiro

Paukwa!

Pakawa!

Mmeitika kwa uzito, lakini naipokea hivyohivyo. Sogeeni, watoto na wazazi wenu. Leo mimi ngiri mzee najisema mwenyewe. Mkitaka kucheka, chekeni, ila kuna mahali mtanyamaza.

Hapo zamani za kale, meno yangu yakiwa bado meupe, sisi ngiri tulipakana na nguchiro. Nguchiro walikaa kwenye kichuguu chenye vitundu vingi vyembamba. Siku moja Swila, nyoka yule mwenye sumu kali, akapenya ndani, akala mtoto mmoja wa Bi Nguchiro. Akashiba, akalala humohumo. Watoto watatu wakabaki chumba cha nyuma, wamejibanza.

Sasa, nguchiro wana dawa yao ya nyoka. Kwenye kila kitundu husimama mmoja wao, wakipiga kelele, trrr, trrr, trrr, kutwa nzima. Nyoka akichoshwa na kelele hutoa kichwa, nao humvamia wote kwa pamoja. Ni kazi ya subira.

Sisi tukasikia ile trrr. Jemedari wa ngiri nilikuwa mimi. Nani alinichagua? Mimi. Nikakusanya madume, nikawaambia jirani anaangamia. Nikawaambia mwenzako akinyolewa, wewe tia maji. Lakini kweli ya moyoni nawapa ninyi leo: msimu ule hatukuwa na wa kupigana naye, na wake zetu walikuwa wameanza kutucheka. Basi hatukutia maji. Tulikwenda kushika wembe.

Tukaondoka mikia juu, gu, gu, gu. Vumbi likatanda bonde zima.

Bi Nguchiro akatupokea kwa heshima. Akatushukuru. Kisha akasema kwamba hawakumwita mtu, kwamba Swila ameshiba na kelele zitamtoa kabla jua halijazama. Akatuomba tukae mbali, maana kichuguu ni cha udongo na sisi ni wazito.

"Mama, pumzika," nikamjibu. "Hii ni kazi ya wenye meno."

Nguchiro ana meno makali kama sindano, naye alinionyesha. Sikuangalia.

Tukachimba. Chaka, chaka, chaka. Kitundu kikawa mlango, mlango ukawa lango. Mimi na mdogo wangu Mbaruku tukaingia. Ninyi mnajua ngiri anavyoingia shimoni. Haingii kwa kichwa hata siku moja. Anaingia kinyumenyume, matako kwanza, ili meno yabaki mlangoni kumngoja adui. Ndivyo tulivyofundishwa na baba zetu. Lakini adui wa baba zetu alikuwa simba, anayekuja kutoka nje. Swila alikuwa ndani.

Tukakaa pale, nyuso zimeelekea jua, matako yamemwelekea nyoka.

"Unamwona?" Mbaruku akaniuliza.

"Simwoni."

"Basi amekimbia."

Nikatoa kichwa, nikatangaza ushindi. Madume waliokuwa nje wakashangilia, gu, gu, gu.

Nikiwa bado natangaza, Swila akaamka, akamuuma Mbaruku. Mbaruku akaruka. Nami nikaruka, bila hata kujua tunaruka kwa sababu gani. Dari ikashuka, pwaa. Swila akatokea lile lango pana tulilomchimbia, shwaa, akapita katikati ya miguu ya madume, akaenda zake. Kwenye vitundu vyembamba nguchiro wangemkamata. Kwetu alipita kama mgeni anayesindikizwa.

Nguchiro wakafukua kwa mikono yao midogo. Tulitaka kusaidia, wakatuzuia. Mtoto mmoja akatoka anakohoa. Wawili wakatolewa kimya. Mbaruku naye akafa jua halijazama. Nilimpenda mdogo wangu. Aliniamini kwa kila jambo, na hilo ndilo lililomuua.

Nami bado nilikuwa na hotuba. Nikamwambia Bi Nguchiro asilie, Swila ameondoka, nyumba yake sasa iko huru. Nyumba yenyewe ilikuwa rundo la udongo.

Bi Nguchiro akanitazama. Akasema, bila kupaza sauti:

"Swila alikuja na njaa, akanichukulia mmoja. Wewe, jirani, umekuja na huruma, umenichukulia wawili. Kesho ukisikia nalia, nakuomba, usije."

Nikageuka, nikaenda zangu, mkia chini.

Basi mafunzo yake ndiyo haya, wadogo kwa wakubwa. Ukienda kuokoa nyumba ya mwenzako, msikilize kwanza mwenye nyumba. Nguvu isiyouliza humwacha adui akaenda zake, ikaua wale iliokuja kuwaokoa.

Hadithi yangu imeishia hapo. Ikiwa tamu, gawaneni. Ikiwa chungu, kila ngiri achukue fungu lake, na lililo kubwa niachieni mimi.