Barua za Khelef

Alyaa binti Khelef alipotua Maskati mwezi wa Novemba, jina lake lilikwisha kuvuma kama upatu. Alizaliwa Cardiff, Uingereza, kwa mama Mwingereza na baba Mwarabu wa Unguja aliyekwenda huko kusoma akalowea. Kwa miaka tisa alifanya kazi ya kupanga vitabu maktabani, akiandika hadithi fupi alfajiri kabla ya kwenda kazini. Riwaya yake ya kwanza ilikataliwa na wachapishaji kumi na mmoja. Hakuvunjika moyo, aliiandika upya toka neno la kwanza hadi la mwisho, na wa kumi na mbili akaichapa. Tangu hapo alitoa riwaya mbili nyingine na vitabu viwili vya hadithi fupi, na magazeti ya London yakamhesabu miongoni mwa waandishi bora wa kizazi chake.

Hata hivyo, riwaya ya nne ilimkwama kooni kama mwiba wa samaki. Ilikuwa juu ya bibi yake, Bi Saliha, aliyeondoka Unguja baada ya mapinduzi na hatimaye kufia Ibra, mji wa Omani. Khelef alimwandikia mama yake huyo barua kadhaa, asipate hata jibu moja. Alikufa akiamini kwamba mama yake alimsusa kwa kuoa Mzungu. Alyaa aliandika kurasa mia mbili juu ya bibi mwenye moyo wa jiwe, akazisoma, akazichana. Hakumjua mwanamke yule. Aliyemjua alibaki mmoja tu duniani: Bi Mabruka, dada mdogo wa Khelef, ajuza wa miaka themanini aliyeishi Ibra na mwanawe Muatasim.

Siku ya kwanza kufika nyumbani kwao, Alyaa aliketi kitini, kinasa sauti mkononi. Bi Mabruka aliketi kwenye busati, na Muatasim akawa katikati yao kutafsiri.

"Mwambie karibu, yeye ni damu yangu," Bi Mabruka alimwambia mwanawe. "Ale tende, anywe kahawa, akae atakavyo. Lakini habari za mama sizisemi kwa mkalimani."

"Mama, ametoka mbali. Hajui Kiswahili."

"Baba yake alikijua. Naye ana ulimi. Ajifunze."

Muatasim alitafsiri huku akiona haya. Alyaa alihisi uso ukimwaka. Kwao watu walipanga foleni ili awatilie saini vitabuni. Hapa aliambiwa akajifunze kusema kama mtoto mchanga. Mchapishaji wake aliitaka riwaya kabla ya mwaka kwisha, na alikwisha kumwonya kwamba wasomaji husahau upesi. Lakini jioni ile ile Alyaa alimwandikia kuomba mwaka mmoja zaidi. Kisha, kwa msaada wa Muatasim, akamwomba Mwanamboka, mwanamke wa Tanga aliyefanya kazi nyumbani mle, awe mwalimu wake.

"Mimi?" Mwanamboka alishangaa. "Dada, mimi niliishia darasa la saba."

"Na mimi sijaanza la kwanza," Alyaa akajibu.

Darasa likawa jikoni. Alyaa alimenya vitunguu huku akitaja kila kitu kilichomzunguka: mwiko, kawa, chungu, kifuniko. Siku za Jumatano walikwenda soko la wanawake, naye akalazimika kuwaamkia wazee waliozaliwa Unguja na Pemba. Walimcheka mpaka wakashika mbavu. Wiki ya pili akarudi, wakamcheka tena. Mchana mmoja aliingia na sahani ya mchuzi, akatangaza kwa fahari, "Shangazi, leo nimekupika!"

"Umenipika?" Bi Mabruka akajibu. "Basi nipakueni kabla sijapoa!"

Nyumba nzima iliangua kicheko. Alyaa aliuliza kosa liko wapi, akaambiwa, akasema upya, "Nimekupikia." Asubuhi iliyofuata alilirudia neno hilo mara ishirini.

Siku kumi alizokusudia kukaa zikawa miezi minane. Muatasim, ambaye mwanzoni alimwona mgeni wa kupita, alianza kumtolea mfano kwa wanawe waliokuwa wakiisahau lugha ya bibi yao.

Asubuhi moja Bi Mabruka alimwita mtoto huyu wa kaka yake asiyechoka, akalipiga busati kofi kwa kiganja: aketi hapo.

"Nisikilize, wala usiandike," alisema. "Mama hakumsusa baba yako. Hakujua kusoma herufi za Kizungu. Barua zikija, msomaji ni mimi. Tulipofika Ibra ikaja ya kwanza. Khelef anasema ameoa, harudi. Nikaogopa. Tulikuwa wawili tu, mimi na mama, na kila kukicha ananiambia, 'Khelef akija tutapumua.' Nikaitia motoni. Ikaja ya pili, nikaitia motoni. Zilikuwa saba. Kila Ijumaa huniuliza, 'Khelef hajaandika?' Nami humjibu, 'Bado, mama.' Alikufa anauliza."

Alyaa akauliza, "Kwa nini hukumwambia baba baada ya bibi kufa?"

"Aibu. Aibu haina mkalimani, mwanangu. Nilipokwambia ujifunze, nilidhani utachoka uende zako, nami nife nayo."

Alyaa aliinuka, akatoka bila kuaga. Alitembea kando ya mfereji wa falaji, katikati ya mitende, hasira zikimchemka kama maji ya chai. Miezi minane alimnyenyekea mwanamke aliyempokonya baba yake mama yake! Aliporudi chumbani alianza kukunja nguo. Mwanamboka alimkuta begi likiwa nusu.

"Unaondoka, dada?"

"Baba alikufa na donda moyoni. Huyu ndiye aliyelitia."

"Kweli. Nimeyasikia nikiwa jikoni, na sikukatazi kukasirika." Mwanamboka aliketi ukingoni mwa kitanda. "Lakini tangu utoke hajala, hajainuka pale. Siri ya miaka hamsini amekupa wewe, hata mwanawe hajapata kuisikia. Ukiondoka sasa, utakuwa umechukua habari, yeye umemwacha."

Alyaa aliziacha nguo. Kuuinamisha ulimi alikwisha kuzoea. Kuuinamisha moyo kulikuwa kuzito zaidi. Mwishowe alirudi sebuleni, akaketi miguuni pa shangazi yake, akamshika mkono na kuubusu.

"Shangazi, nimekasirika," alisema. "Lakini nipo."

Bi Mabruka alilia kama aliyefiwa siku ile. Jioni alimwita Muatasim, akamwambia yote kwa kinywa chake mwenyewe.

Riwaya ilianza upya. Kila sura ilipokamilika, Alyaa aliigeuza kwa Kiswahili na kumsomea shangazi yake kabla ya kuipeleka London. Walipofika sura ya barua, Bi Mabruka aliinua mkono.

"Umenionea huruma. Hapa umeniandika malaika. Si hofu tu, nilikuwa na wivu pia. Khelef alipendwa kuliko mimi. Rudi ukaandike ubaya wangu."

"Hutaona haya watu wakisoma?"

"Nitaona. Andika."

Akaandika. Kitabu kilipotoka, wahakiki walisema hajapata kuandika kitu cha kweli kama kile, na kikatunukiwa tuzo. Alyaa aliwaambia waliokuja kumpongeza kwamba sifa ziwaendee wanawake wawili wa Ibra: mmoja aliyemfundisha kusema, na mmoja aliyethubutu kusema.

Mwaka uliofuata alialikwa kusoma katika ukumbi mmoja mjini Nizwa. Alisoma kwa Kiswahili. Bi Mabruka alikuwa safu ya mbele, Mwanamboka ubavuni pake. Baada ya makofi, msichana mmoja aliyeitwa Wasan alisimama.

"Mimi nataka andika habari ya bibi yangu, yeye ametoka Pemba," alisema kwa kusitasita. "Lakini nikisema Kiswahili, wao wanacheka mimi."

"Nami walinicheka miezi minane," Alyaa akamjibu. "Kaa karibu naye, kosea, wakucheke, kisha uliza tena."

"Na kama habari yenyewe itaniumiza?"

Kabla Alyaa hajajibu, sauti ya Bi Mabruka ilitoka safu ya mbele, nyembamba lakini thabiti: "Hapo ndipo usiondoke, mwanangu."

Alyaa alishuka jukwaani mbele ya watu wote, akapiga magoti kumfunika shangazi yake mtandio uliomteleza begani, na waliomtazama mwandishi yule mashuhuri wakaelewa vitabu vyake vilitoka wapi: mtaka cha mvunguni sharti ainame.