Jina Liliitwa Mara Tatu

Sogeeni karibu, na kila mmoja aje na akili yake, kwa sababu mwishoni mtaachiwa kazi.

Palikuwa na wanawake watatu wa ukoo mmoja, kila mmoja na kipaji chake. Sikudhani alikuwa na masikio: neno likipita mbele yake halipotei. Mdogo wake, Mize, alikuwa na kalamu, ingawa shule aliiachia kidato cha pili baba yao alipougua. Shangazi yao, Bi Time, alikuwa na mdomo usioogopa mtu.

Mama yao, Bi Mwanakheri, alirithi kiwanja kwa baba yake. Shemeji yake, Bwana Makame, akakidai, na mahakama ikampa. Mama akakata rufaa. Kabla haijasikilizwa, mumewe akafariki, naye akakaa eda: miezi minne na siku kumi ndani ya nyumba.

Tarehe ya rufaa ikaangukia humo humo. Mama alitaka kwenda. Makame akaja mlangoni na tasbihi mkononi.

"Shemeji, kaburi la ndugu yangu halijakauka, wewe unataka kuzurura mahakamani? Ukivuka kizingiti hiki, umemvunjia heshima marehemu."

"Na kesi je?"

"Nitawaeleza mimi mwenyewe."

Siku ilipofika, Sikudhani alikuwa akiuza vitumbua kwenye lango la mahakama. Akasikia jina la mama yake likiitwa mara tatu. Aliacha vitumbua vikiungua, akakimbilia ndani.

"Mrufani yuko wapi?" hakimu aliuliza.

"Sijui, mheshimiwa," Makame akajibu. "Labda amekata tamaa."

"Mwongo! Si wewe uliyemkataza kutoka?" Sikudhani alipiga kelele. Askari akamtoa nje, na tangu hapo akapigwa marufuku kuuza langoni. Mrufani hakufika, rufaa ikatupwa. Lakini maneno ya Makame, Sikudhani alirudi nayo nyumbani yote.

Mize aliyasikiliza mpaka mwisho. Alikwenda kwa karani wa mahakama, akaambiwa kuna siku thelathini za kuomba rufaa irejeshwe, kama sababu inatosha. Akaandika ombi, karani akalikataa. Akaandika tena na tena, likakataliwa: mara pambizo la karatasi ni dogo, mara tarehe imekaa vibaya. La nne lilipokelewa siku ya thelathini. Siku hiyo hiyo shule ilikuwa na mtihani wa wasichana waliotaka kurudi darasani, naye Mize alikuwa amejiandikisha. Mize alifika huko jioni, anahema.

"Tulikuita," mwalimu alimwambia. "Hukuwepo. Jina tumelifuta."

Ombi liliposikilizwa, Makame aliapa kwamba hakumzuia mtu. Ndipo Bi Time aliposimama. Alikuwa dada yake Makame, tena akiishi kwake.

"Mheshimiwa, huyu tumenyonya titi moja. Siku alipokuja mlangoni kwa wifi yangu, nilikuwa kibarazani nasuka ukili wa mkeka. Nilimsikia akimkataza shemeji yake kuvuka kizingiti. Leo anaapa hakumzuia? Kaka, hata haya huna?"

Jioni Bi Time alikuta mkeka na sufuria zake vimetupwa barabarani.

Rufaa ikarejeshwa. Eda ilipokwisha, mama alisimama mwenyewe mbele ya hakimu, akashinda. Ukiondoa nyumba, kiwanja kilibaki na nafasi ya kibanda kimoja tu, upande wa barabara.

"Kibanda nitampa aliyekiokoa kiwanja," mama alisema.

"Bila masikio yangu mngejua lini?" Sikudhani akadakia. "Nami sina tena pa kuuzia."

"Uliyoyasikia yangebaki umbea tu," Mize alisema. "Mimi ndiye niliyeyafikisha kwa hakimu. Nikikipangisha kibanda hicho, nitarudi kusoma."

"Andika wewe mpaka wino ukauke!" Bi Time akacheka. "Nani angeamini karatasi yako mbele ya kanzu ya Makame? Na mimi hapa nalala jikoni kwenu, mwanangu."

Mama akashika tama. Pale nje Makame alikuwa akipita kwenda msikitini, kanzu imepigwa pasi, watu wanamwamkia. Mize alimtazama mpaka akapotea kwenye kona. Mmoja alipoteza biashara, mmoja shule, mmoja pa kulala. Yeye aliyesema uongo hakupoteza cha kwake hata kifungo cha kanzu.

Haya, semeni nyinyi: kibanda ni kimoja. Mngempa nani? Na Makame, mngemwacha apite hivyo hivyo?