Mpiga Picha Aliyewageuza Makinda

Mtu mmoja alikuwa na kamera, na alikuwa na subira. Jina lake Mbonea, na kazi yake ilikuwa kupiga filamu za wanyama wa porini. Alijibanza kichakani tangu alfajiri, akingoja swala azae au mamba aibuke. Sharti la kazi hiyo lilikuwa moja tu: mpiga picha haongezi kitu wala hapunguzi. Alilishika miaka mingi.

Baadaye akaitwa kupiga filamu za visasili, zenye miungu na mashujaa wa kale. Huko hakungoja. Akitaka mvua, mipira ya maji ilifunguliwa. Akitaka ukungu, iliwashwa mashine ya moshi. Shujaa akichomwa mkuki vibaya, Mbonea alisema warudie, na maiti aliinuka akijipangusa vumbi. Sifa zikamlevya. Akazoea kuamuru kama mtu anavyozoea sukari kwenye chai.

Uzeeni akarudishwa kwa wanyama. Alitumwa kwenye ziwa la magadi, awapige picha makinda wa heroe, ndege wa waridi wenye miguu mirefu, wakiondoka kwenye viota kwa miguu kwenda kutafuta maji baridi. Ziwa lilikuwa limekauka na safari yao ilikuwa ndefu. Mbonea akaona jua linashuka, na msafara unapita mbali na mwanga. Waliomtuma wangesemaje? Wangesema amekwisha. Mwenzake Nasieku, aliyekuwa akirekodi sauti, alimwomba awaache wapite zao. Hakumsikia. Akawasha mashine ya moshi, aliyokuwa bado akitembea nayo tangu enzi za visasili, upande wa maji waliokuwa wakiuelekea, ili kuwazibia njia.

Makinda wakageuka. Wakapita mbele ya kamera, manyoya yao ya kijivu yaking'aa. Picha ilikuwa nzuri ajabu, lakini upande ule magadi yalikuwa mabichi, bado tope. Yaliwaganda miguuni, yakakauka kama pingu, na wa mbele wakaanza kuanguka. Mbonea akatoka mbio nyuma ya kamera, akapaza sauti:

"Kata. Turudie!"

Nasieku akaizima mashine. Makinda hawakusimama. Walikwenda kule walikogeuziwa, kila mmoja akimfuata aliye mbele yake. Mbonea alikimbia katikati yao akivunja pingu kwa vidole. Wachache aliwaokoa. Wengi hakuwafikia, na hofu ya jioni ile haikumtoka tena.

Nanyi mliokaa hapa, mnaowageuza watoto wenu ili wapite penye mwanga mnaoupenda ninyi, ni nani aliyewaahidi kwamba mtarudia?